Kilio Ambacho Mdogo Wangu Hakuambiwa

Mwaka unapoanza, wafanyabiashara wakubwa wa Butembo hugawa kalenda. Wauza simenti, wauza vitenge, wauza vipuri vya pikipiki, kila mmoja na picha yake na jina la duka lake. Katika nyumba nyingi hapa kwetu hilo ndilo pambo pekee la ukutani. Daktari ninayemfanyia kazi huniagiza nizunguke madukani kuomba zilizobaki, na mimi huona haya, kwa sababu watu wanajua ninakotoka.

"Njo za bale ba wazimu?" mwenye duka mmoja aliniuliza.

"Njo zabo," nilijibu, yaani ndizo zao.

"Basi chukua mbili. Ingine uniwekee mimi, bibi yangu anasema niko njiani."

Kila familia inayoleta mgonjwa hupewa kalenda moja. Daktari hukaa nao kwenye viti vifupi, hawaweki meza katikati, na anauliza mambo yote: mgonjwa analala saa ngapi, anakula nini, ni nani anamwombea, ni nani anampa majani, na majani gani. Halafu wanapanga. Siku ya sindano tunachora msalaba mdogo. Siku ya majani tunachora jani. Siku ya sala tunachora duara. Jioni, vidonge vikinywewa, anayevitoa anatia alama moja katika mraba wa siku hiyo. Kalenda inarudi ukutani, na daktari anaisoma kila anapotembelea nyumba, kama vile wengine wanavyosoma barua.

Mimi niliingia pale kufagia. Shule niliacha miaka miwili baada ya msingi. Baadaye akaniweka mlangoni kupokea watu, kwa sababu ninasema Kinande cha wazee na sina desturi ya kufokea watu. Kwa hiyo mengi ninayoyajua juu ya kazi yake niliyasikia nikiwa mlangoni.

Alizaliwa kwenye milima ya Lubero, baba yake alilima kahawa. Baba alitaka mtoto wake awe daktari wa kupasua. Yeye akachagua akili za watu, akaenda kusomea mbali kwa miaka, kisha akarudi wakati wenzake walikuwa wanatafuta njia ya kutorudi. Mwanzoni alifanya kama alivyofundishwa: kidonge, karatasi, nenda. Aliwafokea watu waliofunga ndugu zao kamba kwenye vyumba vya sala. Aliwafokea waliowanywesha majani. Wakaacha kuja.

"Nilikuwa nasema kweli mbele ya viti vitupu," aliniambia siku moja tukipalilia kabichi nyuma ya kliniki. Bustani hiyo wagonjwa ndio wanailima. Nayo ni sehemu ya dawa, anasema.

Basi akaanza kwenda mwenyewe kwa watu wa sala na kwa waganga wa majani, akakaa, akaonja dawa zao kwa ulimi wake. Kwa hiyo madaktari wenzake wanamwita docteur wa majani. Watu wa kanisa wanasema anakaa na wachawi. Waganga wengine wanasema anataka kuwaibia miti. Hao wote nimewafungulia mlango, na wote wamenieleza mimi kwanza, kana kwamba mimi ndiye niliyemtuma.

Kuna mengine yanayochosha. Dawa zinakwisha na barua za kuomba nyingine zinajibiwa kwamba ombi limepokelewa. Mradi mmoja ulikuja na kofia na mikeka, ukatufundisha siku tatu, ukaenda. Daktari kijana alitumwa kumsaidia, akakaa juma moja. Na yeye ni mmoja kwa miji miwili. Kila baada ya majuma mawili anakwenda Beni, anawasikiliza watu katika chumba cha kuazima kwenye komine ya Ruwenzori, kata moja ya mji huo, wengine wametembea kutoka upande wa Kamango, kisha anarudi Butembo kama barabara inapitika. Mara nyingi haipitiki.

Ninasema haya ili ieleweke kwamba siku mama yangu alipokufa, daktari alikuwa Beni, na barabara ilikuwa imefungwa kwa sababu magari yalikuwa yameshambuliwa njiani.

Lakini kwanza niseme juu ya mdogo wangu.

Ni seremala. Tulifuatana tumboni, mimi ni wa kwanza, yeye wa pili. Wakati wa Ebola baba yetu alipelekwa kwenye kituo cha matibabu na hakurudi. Walimzika watu waliovaa nguo nyeupe za plastiki, katika mfuko uliofungwa, na sisi tulisimama mbali nyuma ya kamba. Mdogo wangu alikimbilia gari. Walimshika. Miezi iliyofuata alianza kuacha kulala, akawa anaongea na watu tusiowaona, anachimba nyuma ya nyumba akisema baba hakuwa ndani ya ule mfuko.

Wakati huo nilikuwa tayari ninafanya kazi mlangoni kwa daktari. Kila siku niliwaambia watu wasichelewe kuleta wagonjwa wao. Mdogo wangu nilimficha. Nilimpeleka chumba cha sala, nikakubali afungwe, nikarudi kazini asubuhi na kuwaambia wengine wasichelewe. Daktari alikuja kujua kutoka kwa mwenye chumba hicho, mama wa sala, si kwangu. Hakunisema vibaya. Aliuliza tu, "Anakula?"

Matibabu yalichukua muda. Mama wa sala alikubali kuombea kidonge kabla hakijamezwa. Mzee wa majani, mganga tuliyemwendea pia, alikubali mvuke wake uwe Jumamosi tu, mbali na siku ya sindano, kwa sababu mara ya kwanza vitu hivyo viwili vilikutana na mdogo wangu alilala siku mbili. Daktari alimuuliza yeye mwenyewe anataka dawa ya jioni aipokee kwa mkono wa nani.

"Ya Yaya," alisema. Yaya ni mimi, dada mkubwa. "Yaya hajue bongo."

Bongo kwetu ni uongo. Ni kweli, sikuujua. Nilipokuwa mdogo nilichapwa mara nyingi kwa kusema ukweli usioulizwa. Jioni nilimpa kidonge, akakimeza, akafungua mdomo nione, nikatia alama kwenye kalenda ya muuza simenti. Mwaka ukapita hivyo. Akarudi kwenye benchi lake la useremala. Watu wakaanza tena kumpa kazi za milango.

Mama alikufa asubuhi, kabla ya chai. Miguu ilikuwa imevimba tangu Krismasi. Mdogo wangu alikuwa bado amelala, maana dawa humfanya achelewe kuamka. Nilimfunika mama, nikaenda kwa baba mkubwa, ndugu mkubwa wa baba yetu, anayekaa ng'ambo ya barabara. Kisha nikampigia daktari simu Beni.

Alisema, "Amuone leo. Umushike mukono, umuambie mama amekufa. Usiseme amelala, usiseme amesafiri. Amuone sura, aguse. Unajua sababu."

Nilijua. Maneno hayo nimemsikia akiwaambia familia nyingi, mimi mwenyewe nikiyatia katika Kinande ili wayaelewe vizuri. Nikampa baba mkubwa simu.

"Docteur, wewe uko Beni," baba mkubwa alisema. "Mimi niko hapa. Kilio ya baba yake njo ilimutoa akili. Sasa unataka nimupe ingine?"

Sikusikia jibu. Nilisikia sauti ndogo ya daktari ndani ya simu, ikiendelea.

"Ndiyo, nimesikia," baba mkubwa akasema. "Hapana. Atajua kisha. Pole pole. Asante, Docteur, utusalimie bale ba Beni." Akanirudishia simu ikiwa imekatwa.

Binamu yetu ana karakana upande mwingine wa mji. Baba mkubwa aliamua mdogo wangu apelekwe huko mpaka kilio kiishe. Na kwa kuwa mdogo wangu hakuwa anamwamini mtu mwingine, mimi ndiye niliyepaswa kumwambia. Ningeweza kukataa. Nimefikiri juu ya hilo mara nyingi, na kila mara naona kwamba ningeweza. Nilikuwa mtu mzima, mdogo wangu alikuwa mikononi mwangu na daktari alikuwa ameniambia wazi. Niliogopa kwamba akianza tena kuchimba, watasema ni mimi.

Nilimwamsha. Nikasema binamu ana kazi ya haraka ya madawati ya shule, anamhitaji na randa yake. Alifurahi. Alikuwa na muda mrefu hajaitwa kwa haraka na mtu. Alipokuwa anafunga kamba za viatu aliuliza, "Mama ameamuka?"

"Angali analala," nilisema.

Akapita mlango wa chumba cha mama akitembea polepole asimwamshe.

Kilio kilikuwa kama vilio vyote. Turubai, viti vya kanisa, sufuria za maharage, kwaya. Waliouliza mtoto wa kiume yuko wapi waliambiwa yuko kwenye matibabu. Tulimzika mama siku ya pili kwenye makaburi ya parokia. Siku ya tatu tulinyolewa nywele, sisi wa nyumbani, kama desturi. Nikafunga kitambaa kichwani. Kila jioni nilimpigia binamu simu aniambie kama mdogo wangu amemeza dawa, na alisema amemeza, nami nikatia alama za siku ambazo sikuona kitu. Hizo ni alama nne. Ziko bado pale.

Tulifikiria kila mtu atakayemwona: binamu, mafundi wake, majirani. Hatukufikiria watu wa pikipiki. Siku ya tano mdogo wangu alisimama kando ya barabara kununua mandazi, motari anayetujua akasimama na kumwambia, "Kaka, pole sana ya mama. Kwaya iliimba muzuri."

Alirudi nyumbani kwa miguu. Mimi nilikuwa ninaosha sufuria za watu ili kuzirudisha. Alisimama mbele yangu, akatoa kitambaa changu kichwani kwa mkono wake, akaona kipara. Akanifunika tena, vizuri, akafunga hata fundo. Akaingia chumba cha mama, akakuta kitanda kimetolewa nje, akaketi sakafuni mahali kilipokuwa.

Jioni nikamletea kidonge na maji.

"Hii njo nini?" aliuliza.

"Dawa yako."

"Mama alikuwa analala. Hii nayo iko dawa." Hakuwa anapaza sauti. Akakirudisha kidonge katikati ya kiganja changu na kukunja vidole vyangu juu yake, kimoja kimoja.

Kesho yake hivyo hivyo, na kesho kutwa. Mama wa sala alijaribu, akamwambia asante mama, hapana. Baba mkubwa alijaribu kwa nguvu, na mdogo wangu akamtazama tu mpaka akaondoka. Alianza kuamka mapema mno. Nilijua maana ya kuamka mapema. Sindano ya mwezi ilikuwa bado majuma mawili, na yeye alikuwa amesema kwamba hiyo nayo hataitaka.

Daktari alifika akiwa juu ya lori la mbao, vumbi mpaka kwenye nyusi. Hakupita kwake. Alikuja kwetu, akasimama mbele ya kalenda.

"Nilikuambia nini?" aliniuliza.

Nikarudia neno kwa neno. Nikamwonyesha zile alama nne pia.

"Basi," alisema.

Ningependa angefoka. Hasira ikanipanda mimi badala yake, nikamwambia kwamba maneno ya simu ni mepesi, kwamba siku zote anapotakiwa yuko upande ule mwingine wa barabara, na watu wanabaki na mimi ambaye si daktari. Nilisema yote hayo nikilia. Alijipangusa uso kwa kitambaa changu cha sufuria.

"Hata mimi nimechoka na huyo mutu," alisema. "Yule mwenye kuwa siku zote Beni." Kisha akasema, "Alhamisi waite bote."

Alhamisi walikuja kliniki: baba mkubwa, mama wa sala, mzee wa majani. Mdogo wangu alikataa kuingia. Alikaa nje kwenye tuta la kabichi, chini ya dirisha, na daktari aliliacha dirisha wazi.

Daktari alisema wazi anachotaka: kilio kifanywe tena, kidogo, kwa ajili ya mtoto huyu, na awepo.

"Kilio hairudiliwe," baba mkubwa alisema. "Ukirudilia unaita kingine. Ulisoma wapi, wewe mutoto wa Lubero?"

"Mbali sana, Baba. Huko habakufundisha hiyo."

"Inaonekana."

"Mimi naweza kumuombea hapa hapa," mama wa sala alisema.

"Umemuombea mwaka muzima," mzee wa majani akamwambia. "Mungu amesikia, ni masikio ya mutoto njo yamefungwa."

"Na mvuke yako ilifungua nini, pua?"

Hata baba mkubwa alicheka kidogo. Daktari hakucheka. Nilimwona anasugua goti lake, kama afanyavyo anapoona mambo yanaelekea ukutani. Angeweza kumlazimisha nani? Hana polisi, hana chifu, ana viti vifupi tu.

Mzee wa majani ndiye aliyepata neno. "Mutu akikuwa safari, akifa mama yake nyuma, tunafanyaka je akirudi? Tunamupeleka kwa kaburi, na bale balikuwako banamuelezea yote, tangu mwanzo. Hiyo haiko kurudilia kilio. Hiyo ni kumupokea mutu ya safari."

"Hakukuwa safari," baba mkubwa alisema. "Alikuwa kwa binamu yake, hapa hapa Butembo."

"Nani alimutuma?"

Baba mkubwa alitazama kofia yake.

"Mimi," baba mkubwa alisema.

"Basi ulimusafirisha. Umupokee."

Tulikwenda Jumamosi asubuhi. Mdogo wangu alitembea mbele, daktari nyuma kabisa, ameshika koti lake mkononi. Kaburini baba mkubwa alianza, kisha akanigeukia, nami nikaendelea. Nilieleza tangu asubuhi ile: nilimkutaje, mikono ilikuwa wapi, ni nani aliyemwosha, kitenge gani. Nilisema pia kwamba alikuwa amekwisha kufa wakati nilipomwambia analala. Hapo hakunitazama.

Aliuliza swali moja. "Sanduku ilikuwa ya mbao gani?"

"Karatusi," nilisema.

"Ilikauka?"

Sikujua. Nilimtazama baba mkubwa.

"Mbichi," baba mkubwa alisema. "Tulikuwa haraka."

"Mimi niko na mbao ya libuyu nyumbani, imekauka miaka tatu," mdogo wangu alisema. "Ningemutengenezea."

Akachukua udongo, akautupa, akabaki anautazama. Kisha akaushika msalaba tulionunua, uliopigwa msumari mmoja tu, mkono wake mmoja umeshuka. Akaunyosha. Ulishuka tena. Akalia kwa sauti, ameushika mkono huo wa msalaba, na daktari aliwazuia watu wa sala kwa ishara wasianze wimbo.

Ningependa kuandika kwamba jioni ile alikunywa dawa. Hakukunywa. Alikwenda kliniki mwenyewe Jumatatu. Nilikuwa mlangoni, akapita karibu nami na kunisalimu kama mtu wa mapokezi.

"Docteur, unipe kopo ya dawa mimi mwenyewe," alisema ndani. "Nitajikunywisha."

"Na kama hutakunywa?"

"Nitakuambia: sikunywe."

Najua daktari aliogopa, kwa sababu siku hizo hizo familia moja ya Beni ilikuwa imempoteza mtoto wao hivyo, dawa ikiwa mikononi mwake na haimezwi. Akampa kopo. Akatoka nje baadaye na kunikuta. "Sijui kama nimefanya vizuri," alisema, na akaita mtu aliyefuata.

Kopo linakaa sasa katika sanduku la vyombo vya mdogo wangu, kati ya patasi. Sindano anakuja kuchomwa. Usingizi wake umerudi. Ametengeneza msalaba wa libuyu usio na msumari hata mmoja, mbao zimeshikana zenyewe, akausimamisha kaburini bila kutuambia. Lakini jioni hanionyeshi kitu. Mwanzoni niliuliza, "Umekunywa?" Akajibu, "Andika unachoona." Sikuona kitu. Basi sikuandika.

Mwezi ulipokwisha daktari alikuja kusoma kalenda. Mraba baada ya mraba mtupu. Watu wa ofisi ya afya huja kukagua, na wanahesabu alama.

"Batasema hapa hakuna matibabu," alisema.

"Nimeandika nilichoona."

"Mutu anafanya kazi, analala, anakula. Utie alama, Mama."

"Nilitia nne ambazo sikuona," nilisema.

Alikuwa amekasirika, na alikuwa amechoka, nywele zake zimekuwa nyeupe mbele ya macho yangu kwenye mlango ule. Akarudisha kalenda kwenye msumari wake. "Acha vile," alisema.

Katikati ya mwezi uliofuata, jioni moja, nilikuwa ninachambua sombe, majani ya mihogo, mbele ya nyumba. Mdogo wangu akaja na kikombe cha maji, akaketi kwenye kizingiti, akafungua kopo, akatia kidonge mdomoni, akameza. Hakufungua mdomo nione. Alikuwa anatazama barabara. Nikanawa mikono, nikaingia ndani, nikatafuta kalamu, nikatia alama moja.

Kesho yake sikuona kitu, nikaacha mraba wazi.